Kili Kumi na Moja Mbele ya Bi Kazija

Chwaa. Kimya. Chwaa.

Mwanamize alifumbua macho gizani akasikiliza. Si panya, panya hana utulivu wa namna ile. Ilikuwa sauti ya kidole kinachopita juu ya jani kavu, kikifika mwisho kinarudi mwanzo. Yeye aliyezaliwa katika nyumba ya wasusi wa mikeka aliijua sauti hiyo kama alivyokijua kikohozi cha mama yake. Mtu alikuwa anapapasa ukili, ule msuko mrefu unaoshonwa kuwa mkeka.

"Dada Sihaba," aliita polepole, asimwamshe mtoto. "Unasuka saa hizi, hata jogoo hajawika?"

"Sisuki," mwenyeji wake alijibu kutoka kitanda cha pili. "Naiangalia kesi yangu. Nataka nijue haijafungwa."

"Ifungwe na nani, na mlango tumeukomea?"

"Wewe hujaijua nchi hii. Lala, shoga, leo tuna mwendo."

Namna Mwanamize alivyofika Mshonano haina haja ya kusimuliwa sana. Alitoka kwao kutafuta ukindu mzuri wa mikeka, na kila alipouliza aliambiwa ulio bora uko mbele. Mbele ikawa Mshonano. Alikusudia kukaa siku tatu, akakaa mwezi, kwa kuwa kila kukicha aliona jambo la kumwacha mdomo wazi, na mengi katika hayo yalikuwa mema kiasi cha kutamani angeyafunga kitambaani akawapelekea wa kwao.

Watu wa Mshonano hawaandiki kesi kwenye karatasi. Wanazisuka. Mdai akisema neno lenye uzito, karani huchukua chane nyeupe ya ukindu akaiingiza kwenye ukili. Mdaiwa akijibu, huingizwa chane nyekundu. Na shahidi ana chane yake ya kijani. Neno la upuuzi haliingizwi kitu. Mwanamize aliwahi kumwona wakili mmoja akinena toka asubuhi hadi adhuhuri, mikono yake ikipaa kama kunguru, na ukili usirefuke hata upana wa ukucha. Wakili mwenyewe alipoutazama alikaa chini kimya. Siku ile Mwanamize alisema moyoni, laiti kwetu wangekuwa na ukili.

Siku ya hukumu, hakimu huzishika ncha za chane zote akazipiga fundo. Fundo likishapigwa, basi, kesi imekwisha. Na kwa kuwa fundo ndilo hukumu, hapana mtu anayeuliza limepigwaje wala limepigwa lini. Kulifungua bila amri ni kosa kubwa, sawa na kuiba. Lakini maadamu ncha ziko wazi, kesi iko hai.

Kilichomshangaza zaidi ni nani anayetunza ukili kesi ikiwa bado. Kwao Mwanamize, jalada hukaa ofisini, na likipotea husemwa limeliwa na mchwa. Mshonano ukili hukaa nyumbani kwa yule anayeumia zaidi.

"Mwenye jino bovu ndiye anayejua usiku una saa ngapi," Sihaba alimweleza. "Sasa umpe mlinzi gani mwingine?"

Jambo jingine ni viti. Hakimu wa kitongoji, aliye mdogo kuliko wote, hukalia kiti kirefu chenye ngazi ya vipago saba. Hakimu wa wilaya ana kiti cha vipago vitatu. Majaji wa Mahakama ya Upeo, ambao neno lao halina wa kulipindua, hukaa chini, sakafuni, miguu wameikunja. Mwanamize alidhani anataniwa.

"Mkeka unashonwa wapi kwenu?" Sihaba alimuuliza.

"Chini."

"Basi."

Sasa kesi ya Sihaba ilikuwa hivi. Kila mtoto wa Mshonano akitimiza miaka mitano hupewa kigoda shuleni, jina lake limechomwa kwa chuma cha moto upande wa chini. Kigoda hicho ni chake mpaka uzee. Hukikalia akisoma, hukikalia akiolewa, na akiitwa kutoa ushahidi huja nacho kichwani. Asiye na kigoda hayumo daftarini, na asiyekuwamo daftarini maofisa hawamwoni. Si kwa ujeuri, ni kwa mazoea tu, kama mtu asivyoiona pua yake.

Zamani aliyefika langoni, awe mama awe baba, aliliita jina la mtoto, na jina likachomwa. Miaka miwili nyuma Ofisi ya Vigoda ilitangaza kwamba jina halishiki kwenye mti lisipoitwa kwa sauti ya baba. Mume wa Sihaba, baba wa binti yake Tunu, alikwenda kupasua mbao misituni Tunu akiwa tumboni, na hadi leo hajarudi yeye wala salamu yake. Kwa hiyo Tunu alisomea dirishani. Alisimama nje, kidevu juu ya kizingiti, na alijua hesabu zote alizozijua waliokaa ndani, ila alipojibu mwalimu alitazama huku na huku akasema, "Nimesikia sauti, lakini ya nani?"

Akina mama kumi na mmoja walishtaki, kila mmoja katika kitongoji chake, na kila mahakama ilianza kwenda njia yake. Moja ilielekea kusema mtoto akae lakini asisome. Nyingine, asome lakini asikae. Ya tatu ilitaka babu aite jina, ila sauti yake ifanane na ya baba, na watu wazima watatu waliteuliwa kulinganisha sauti ya mzee aliyepo na ya mtu ambaye hawakupata kumsikia. Huko Mchangani walimwita shaurini baba aliyekwisha kufa, mara tatu, na alipokosa kutokea wakamwandika mtoro.

Mpaka siku mpiga mbiu alipopita. Tangazo lake lilitoka Mahakama ya Upeo, na Mwanamize alilisikiliza mara mbili ili alishike vizuri: "Swali moja limeulizwa kumi na moja. Lisije likapata majibu kumi na moja, watoto wa nchi moja wakawa wa nchi kumi na moja. Kila ukili ulio wazi juu ya Sheria ya Vigoda utolewe ulipo, uletwe Upeo pale pale ulipofikia. Usikatwe, usirefushwe, usifungwe. Siku ya Kushona tutaziunganisha, tuzisikilize kama mkeka mmoja. Ukili uliokwisha kufungwa usiletwe. Hukumu iheshimiwe, na mwenye kunung'unika ashike njia ya rufaa."

Njia ya rufaa huko ni miaka minane. Tunu alikuwa na saba.

Ndiyo maana Sihaba aliupapasa ukili wake alfajiri ile. Siku ya Kushona ilikuwa leo.

Kulipopambazuka walikwenda kwanza kwa Hakimu Faki wa kitongoji ili auachie ukili. Walimkuta yuko juu ya kiti chake, amevaa kanzu iliyopigwa pasi. Nyuma yake, ukutani, yalining'inia mafundo aliyokwisha kuyapiga maishani, ishirini na tisa. Hakimu akitimiza thelathini huongezewa kipago cha nane.

"Yaani mnaninyang'anya," alisema toka juu.

"Hatukunyang'anyi, Mheshimiwa. Ukili umeitwa Upeo."

"Nimeulea miaka miwili. Tangu chane ya kwanza! Nilibakiza kikao kimoja. Kimoja, Bi Sihaba. Ningelipiga fundo zuri, watu wakaja kulitazama."

"Fundo la kunipa au la kuninyima, Mheshimiwa?"

Hakimu Faki alikuna kidevu. "Hapo nilikuwa sijafika," alikiri. "Lakini lingekuwa zuri."

Mwanamize aliinamisha kichwa asionekane akicheka. Ila yule mzee alishuka ngazi, kipago kwa kipago, akaushika ukili kwa mikono miwili akaugusisha kwenye paji la uso, ndivyo kesi inavyoachiwa huko. Machozi yalikuwa yamemlenga.

"Mwanafunzi akihamishwa shule, mwalimu hanuni," alisema. "Mwambieni Bi Kazija huko Upeo kwamba pale katikati, palipobana, nilisimamia mwenyewe. Haya, nendeni."

Wakashika njia, watatu, ukili umekunjwa ndani ya kanga mikononi mwa Sihaba. Jua lilipokuwa utosini waliketi chini ya banda la wapita njia. Sihaba alimwachia Mwanamize bunda lile, akaenda kuomba maji nyumba ya jirani.

Tunu alikuwa mtoto wa maswali.

"Bi Mgeni, kwenu watoto wana vigoda?"

"Wana madawati."

"Ya nani?"

"Ya yeyote anayewahi."

"Hata mimi ningewahi," Tunu alisema, na huku anasema alikuwa ameifunua kanga, anavuta ncha moja ya ukili, kisha ya pili, kama mtoto anavyovuta uzi wa nguo. Chane tatu zikatoka. Ya nne ikaanza kuteleza.

"Wewe, wewe, wewe! Acha!"

Hapa lazima isemwe kweli. Mwanamize alijua. Alikuwa ameambiwa habari ya mafundo mara kumi, na alfajiri ile ile ameambiwa tena. Lakini kwao ukili ulioachwa wazi ni aibu ya nyumba nzima; msichana akiacha ncha bila kuzifunga hupigwa kofi la kiganja, na mama yake huulizwa na majirani kama ana afya. Mkono wa msusi una akili yake, hauombi ruhusa. Alizirudisha chane nne mahali pake, akazikusanya ncha zote.

"Nishikie hapa, mwanangu."

"Nikaze?"

"Kaza, ila usivunje."

Akapiga fundo la kwao, dogo, safi, la kuzuia tu. Moyoni alisema, tukikaribia nitalifungua. Akaukunja ukili ndani ya kanga. Sihaba aliporudi na maji, Tunu alitaka kusema kitu, lakini mkononi mwa mama yake kulikuwa na kipande cha muhogo wa kuchoma, na muhogo ukashinda.

Angelifungua kweli, kama si ule Upeo wenyewe. Walipofika juu ya mlima Mwanamize alisimama akasahau kila kitu. Alitarajia kuta na walinzi wenye marungu. Aliona paa kubwa la makuti lisilo na ukuta hata mmoja, ili apitaye aone kinachofanyika. Kwenye kila nguzo kulikuwa na mtungi wa maji na kata, na juu ya kila mtungi maneno: Mwenye kiu hasikii. Hapakuwa na foleni. Vijana wa mahakama walitembea miongoni mwa watu wakiuliza, "Umechoka? Una mtoto? Basi tangulia." Bibi mmoja mwenye kesi ya mbuzi alikuwa amelala fofofo, na aliyeitwa baada yake alikataa kumruka, akamwamsha kwa kumgusa bega, "Mama, zamu yako, amka taratibu." Mwanamize alijikuta machozi yanamtoka na hajui anamlilia nani.

Alipozinduka, Sihaba alikuwa amekwisha kulikabidhi bunda langoni.

Karani wa Lango aliitwa Bwana Makungu, mtu mwembamba, mpole, mwenye miwani iliyofungwa uzi. "Poleni na njia," alisema. "Kumi zimeshafika, tulikuwa tunawangojea nyinyi. Karibuni sana." Akaifunua kanga, akapitisha kidole kwenye ukili kutoka mwanzo, akitikisa kichwa kwa kuridhika. Mwishoni kidole kikasimama.

"Dada yangu," alisema kwa huruma, "hii imekwisha kuhukumiwa."

"Haiwezekani."

"Fundo hili hapa."

Sihaba alilitazama kama mtu anayetazama nyoka kitandani. "Faki! Mzee mshenzi, kumbe machozi yale! Kaugusisha kwenye paji la uso huku vidole vinafanya yake chini! Kilikuwa kinamkosesha usingizi kile kipago cha nane! Mungu atamwona, atashuka ngazi ile na asipate wa kumpandisha!"

Watu waligeuka. Mwanamize aliliangalia fundo lake. Angeweza kunyamaza. Hakimu Faki alikuwa mbali, Sihaba alikwisha kupata wa kumlaumu, na yeye mwenyewe kesho angekuwa njiani kurudi kwao.

"Si yeye," alisema. "Ni mimi."

"Wewe nini?"

"Nimelifunga mimi. Pale bandani. Zilikuwa zinafumuka."

Sihaba hakupiga kelele. Ingekuwa afadhali angepiga. "Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone," alisema taratibu. "Wewe umekuja nizikwe."

Bwana Makungu alivua miwani akaifuta. "Ikiwa fundo si la hakimu, si hukumu. Hilo linajulikana. Ila lazima lishuhudiwe. Wewe, bibi, umekula mavuno mangapi hapa Mshonano?"

"Nina mwezi mmoja."

"Mgeni hashuhudii mpaka ale mavuno mawili. Bi Sihaba ni mwenye kesi, naye hawezi kujishuhudia."

"Mwiteni Hakimu Faki basi!" Mwanamize alisema.

"Kwenda na kurudi ni kesho, na kushona ni leo. Tena nisamehe, bibi, lakini hakimu aliyeletewa fundo la thelathini bila jasho utamtaka alikane?" Akashusha pumzi. "Alikuwapo nani mwingine?"

"Tunu. Huyu hapa."

Bwana Makungu aliangalia pale kidole kilipoelekea. Akafungua daftari, akapekua kurasa, akalifunga. "Huyu nani?"

"Huyu!" Sihaba alisema, akimsukuma mtoto mbele hata pua yake ikakaribia kugusa meza. "Ana meno mawili yameng'oka, amevaa gauni la bluu, ana kovu gotini. Huoni?"

"Dada, macho yangu yanaona," Bwana Makungu alisema. "Daftari ndilo halioni. Mimi nimeajiriwa na daftari." Kisha akafanya jambo ambalo Mwanamize atalisimulia mpaka uzee: aliubeba ukili ule kwa mikono yake miwili, akasema, "Lisilo katika uwezo wangu sina haki ya kulikataa. Twende ndani."

Katikati ya paa lile, sakafuni, walikaa majaji watano. Mbele yao zilikuwa zimetandazwa kili kumi, nazo zilishonwa ubavu kwa ubavu kwa sindano ndefu. Kila moja ilikuwa na upana wake, maana kila kitongoji kina kipimo chake na kinakiapia, lakini majaji walikuwa wanazivuta kwa subira huku na huku, mpaka iliyo pana ikaipokea iliyo nyembamba. Aliyeshika sindano alikuwa mwanamke wa makamo, mnene, ameweka uzi mdomoni. Huyo ndiye Bi Kazija, Jaji Mkuu.

Aliusikiliza mkasa wote bila kuinua macho kwenye kazi. Bwana Makungu alipomaliza, aliutoa uzi mdomoni.

"Upande wa Ofisi ya Vigoda mnasemaje?"

Alisimama Bwana Shaame, wakili wa Ofisi, kijana mtanashati aliyekuja na kigoda chake chini ya kwapa. Chane ngapi nyekundu angepata leo, hakuna aliyejua, ila hakuwa mpumbavu.

"Mheshimiwa, mimi namhurumia mama huyu. Nina mtoto pia. Lakini tazama kamba tunayotaka kujifunga nayo. Kesi hizi zote kumi na moja zinauliza jambo moja: mtoto ambaye baba hakuliita jina lake, yupo au hayupo? Sasa ili ukili wa kumi na moja uingie, tunaombwa tumsikilize mtoto wa namna hiyo hiyo. Ukimsikiliza, umesema yupo. Umejibu swali kabla hujaliuliza. Mahakama gani hiyo?"

Kukawa na mnong'ono. Jaji mmoja mzee alitikisa kichwa. "Amesema neno," alisema. Karani wa ndani akachukua chane nyekundu, akaiweka tayari.

"Kweli amesema neno," Bi Kazija alikubali. "Nami naliheshimu. Sasa nisaidie na upande wa pili, mwanangu. Nisipomsikiliza?"

"Ukili unabaki umefungwa, Mheshimiwa. Unarudi. Mama anafuata rufaa."

"Hilo nimelielewa. Nauliza, nisipomsikiliza nitakuwa nimesema nini juu ya mtoto?"

Bwana Shaame alikigeuza kigoda chake kwapani kama mtu aliyegundua kinamchoma.

"Utakuwa umesema hayupo," alijibu mwishowe.

"Nitakuwa nimejibu pia, kabla sijauliza."

"Ndiyo, Mheshimiwa."

"Basi sina mlango wa kutokea bila kujibu. Huku jibu, na huku jibu." Bi Kazija alichoma sindano kwenye mkeka ikasimama wima. "Nimekaa hapa miaka kumi na sita. Kesi zinaletwa juu kwangu, na watu wanadhani zinaletwa juu kwa sababu huku kuna akili nyingi. Hakuna. Akili za Faki na zangu ni sawasawa. Ila yeye toka juu ya ngazi ile anaona ukili mmoja, nami toka hapa chini naziona zote kumi na moja zikiwa zimelala pamoja. Ndiyo tofauti. Na nikiziona zote hivi, naona ya kwamba katika miaka miwili tumewauliza akina mama, tumewauliza mababu, tumemuuliza hata marehemu wa Mchangani, Mungu amrehemu. Makungu, niambie, katika kili hizi kumi kuna chane ya kijani hata moja ya mtoto?"

Bwana Makungu alipiga magoti akatazama. Alitazama muda mrefu, akifuata kwa kidole, ukili baada ya ukili.

"Hakuna, Mheshimiwa."

"Hata moja."

"Hata moja."

Jaji mzee aliyetikisa kichwa mwanzo alikohoa. "Kazija, kanuni ni kanuni. Shahidi hukalia kigoda chake. Huyu hana. Tumkalishe wapi?"

"Wewe umekalia nini?" Bi Kazija alimuuliza.

Mzee alitazama chini yake. Watu wakacheka, na mzee mwenyewe akacheka akifuta macho, akasema, "Hapo umenipata, bibi," akajisogeza kidogo. Bi Kazija naye akajisogeza. Kati ya majaji wawili pakapatikana nafasi sakafuni, ndogo, ya kumtosha mtu mwenye miaka saba.

Karani wa ndani aliirudisha chane nyekundu mahali pake, akatafuta ya kijani. Mwanamize aliusikia mkono wa Sihaba unatafuta wake, ukaupata, ukaubana mpaka kucha zikaingia. Wala hakujua ni msamaha au ni hofu, na hakuuliza.

"Mwambie aseme kama alivyoona tu," Bwana Makungu alimnong'oneza Sihaba.

"Hafundishwi," Bi Kazija alisema. "Njoo, mama. Kaa hapa."

Tunu alitazama huku na huku, kama alivyozoea, kuona ni nani anayeitwa. Alipoona hakuna mwingine alikwenda, akakaa katikati ya majaji, akalivuta gauni lifunike goti lenye kovu. Ukili uliwekwa mapajani mwake, fundo likiwa juu. Watu waliokuwa wamesimama walikaa. Aliyekuwa anakunywa maji aliishusha kata taratibu.

"Fundo hili," Bi Kazija aliuliza, akimtazama usoni, "limefungwa na nani?"

Tunu alilishika fundo kwa vidole viwili, akainua kichwa, na kwa sauti ile ile ya kujibu hesabu dirishani akasema:

"Amelifunga Bi Mgeni, na mimi nilimshikia."